Siku Tuliyosimama kwa Ajili ya Kenge

Nchi ninayoisimulia ina jina zuri tu, ila hivi sasa jina hilo liko mbele ya kamati ya kulifanyia marekebisho, na kamati imepewa miaka tisa. Kwa hiyo msiniulize. Nikisema "kwetu", mjue ni huko, ambako mambo yote ni shwari, na asiyeamini kwamba ni shwari huchukuliwa kwa upole akaelimishwe mpaka aamini.

Mimi naitwa Kiponda, karani wa Hifadhi ya Picha za Taifa, daraja la tano ukianzia chini. Nina miaka ishirini na miwili kazini na sijawahi kupata karipio wala sifa, na kwetu hayo ni mafanikio makubwa. Nayasema haya mapema msije mkadhani nasimulia kwa kinyongo. Kinyongo sina. Nina maumivu ya mgongo, na hayo yameletwa na meza.

Meza yangu ilikuwa na mguu mmoja mfupi. Niliikuta hivyo, na chini ya ule mguu nilikuta mkebe wa bati wa mviringo, umeota kutu, umewekwa na karani aliyenitangulia ili meza isiyumbe. Niliandika barua kumi na nne kuomba mguu mpya. Mwaka huu nikajibiwa: walikuja wanaume wawili wakaichukua meza, wakasema mguu utatafutwa. Wakaniachia kiti, kalamu na mkebe sakafuni. Nikauokota, nikaupangusa, na juu ya kifuniko nikasoma maandishi ya wino uliofifia: *Kenge Zahanatini. Filamu ya katuni. Dakika tatu. Michoro: S. Chande.* Na mwaka wake ulikuwa wa miaka hamsini na mmoja iliyopita, wakati ambapo kwetu, kwa mujibu wa vitabu vyote vya historia, hakukuwa na kitu.

Nilipoufungua ulinuka siki. Sisi wa kazi hii tunajua kuwa mkanda wa zamani ukianza kunuka siki umeanza kufa. Nikausafisha siku tatu kwa pamba, nikiupitisha kwenye vidole vyangu hivi hivi, kisha nikaufunga kwenye projekta ambayo ofisini tulikuwa tukianikia taulo, nikateremsha mapazia.

Sasa sikilizeni yaliyomo, maana ndiyo yaliyoleta yote. Ni zahanati. Wagonjwa wako kwenye foleni: kuku kafungwa bendeji ubawani, mbuzi anaumwa jino, nguchiro ana kikohozi. Daktari ni korongo. Anaingia kenge mnene mwenye miwani mikubwa, shingo ina mikunjo mitatu, mkono mmoja kauweka mgongoni. Anawapita wote, anakaa kwenye kigoda cha mgonjwa, anatibiwa kidole, anapewa dawa. Kisha haondoki. Anatoa leso iliyokunjwa mara nne, anajifuta paji la uso, anakaa. Wenzake wanaomba, kuku anapiga magoti, kenge amekaa. Mwishowe anashikwa na kiu, anainuka, kumbe kigoda kimemganda makalioni. Anakwenda mlangoni, mlango haumtoshi. Anarudi, anakaa. Basi wale wagonjwa wanatazamana, wanaibeba meza ya daktari, wanaipitisha dirishani, na foleni inaendelea nje uani. Kenge anabaki ndani peke yake na kigoda chake.

Nilicheka mpaka machozi. Halafu nikaacha kucheka, nikaenda kuhakikisha kama mlango nimeufunga.

Maana kwetu yuko mtu mmoja mwenye miwani mikubwa, mikunjo mitatu ya shingo, mkono mgongoni na leso iliyokunjwa mara nne. Sisemi ni nani. Picha yake iko kwenye kila ukuta, hata ukuta wa choo cha ofisi, upande wa ndani, inakutazama. Ila filamu ilikuwa na miaka hamsini na mmoja, na mtu huyo wakati ule alikuwa darasa la tatu akijifunza kuzidisha. Kwa hiyo haikuwezekana wakawa mmoja. Hilo nilijiambia mara nyingi siku ile, na kila mara lilinituliza kidogo kuliko mara iliyotangulia.

* * *

Nilitoa taarifa kwa mkubwa wangu, naye kwa mkubwa wake, na siku ya tatu akaja Waziri wa Furaha ya Umma mwenyewe, Mheshimiwa Dakta Dakta Lubigisa. Udaktari wa kwanza aliusomea. Wa pili alijitunuku mwenyewe baada ya kuridhishwa na ule wa kwanza.

Akatazama zile dakika tatu bila kupepesa. Taa ilipowaka kola yake ilikuwa imelowa. Akaniuliza taratibu nimeona nini. Nikamjibu kuwa nimeona kigoda. Akanisifu kwa umakini wangu, akasema yeye ameona zahanati, na kwamba ni zahanati safi.

Mngedhani kazi ni nyepesi: filamu haifai, ipigwe marufuku, basi. Hamjui taratibu zetu. Filamu yoyote kwetu, iruhusiwe au izuiwe, lazima ijaziwe fomu, na kwenye ile fomu kuna kipengele cha kumi na moja: *Mhusika mkuu anafanana na nani?* Ukitaka kuizuia lazima uandike jina. Na ukiandika jina, ni wewe uliyemfananisha mkubwa na kenge, kwa mkono wako, kwa wino wa serikali, na sahihi chini. Ukiandika kwamba hafanani na mtu, halafu mwenzako akaona anafanana, basi ulikuwa unaficha. Ile fomu ilizunguka wizara nne. Kila wizara iliirudisha na doa jipya la chai na maneno yale yale pembeni: *Imeonwa, imepongezwa, kipengele cha 11 kijazwe na wahusika.*

Wakati fomu inazunguka, gazeti likapata habari, likaandika kwamba nchi yetu ilikuwa na katuni yake kabla ya majirani wote. Wananchi wakafurahi. Kwetu wananchi wakifurahi bila kibali, serikali hulazimika kuiwahi furaha hiyo na kuishika usukani. Waziri akatangaza redioni kwamba kutafanyika onyesho la kitaifa mbele ya Mlezi Mkuu wa Taifa, na kipengele cha kumi na moja kitajazwa baadaye. Akatangaza pia kwamba mchoraji, shujaa S. Chande, alikuwa mwanamume mzalendo aliyefariki zamani akiwa na kalamu mkononi, na kwamba sanamu lake limekwisha kuagizwa. Nilimuuliza kwa adabu amejuaje kuwa amefariki. Akanijibu kuwa msanii aliye hai anaweza kuulizwa maswali, na asiye na busara anaweza hata kuyajibu.

Mkanda ukachukuliwa kutoka kwangu, ukafungiwa kwenye kasha la chuma la wizara na kuwekewa askari wawili. Tangu hapo ukaitwa Hazina, na mimi niliyeusafisha kwa vidole sikuruhusiwa kuusogelea.

* * *

Jumatatu iliyofuata alikuja kaunta mama mmoja mtu mzima, kajifunga kanga mbili, miwani yake imefungwa uzi kwenye sikio, mkononi ana mfuko wa plastiki. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia marahaba, akanisogelea usoni mpaka nikapata harufu ya mafuta yake ya karafuu.

"Nimesikia redioni kwamba nimekufa," akasema. "Nimekuja kuuliza kama kabla hamjanizika naweza kuiona filamu yangu."

Huyo alikuwa Bi. Siwema Chande. S ile ni Siwema. Akafungua mfuko, akatoa karatasi za manjano, na kwenye kila karatasi alikuwapo yule kenge, mguu juu kidogo, mguu chini kidogo. Nikamletea kiti changu, nikasimama mimi, naye akanieleza.

Aliajiriwa na Bodi ya Elimu kwa Picha akiwa na miaka ishirini na minane. Wakampa meza ya kioo yenye balbu chini yake, ili aone mchoro wa jana akichora wa leo, wakamwagiza atengeneze filamu ya kuwafundisha watu kuheshimu foleni ya zahanati. Michoro kumi na miwili ili mnyama aishi sekunde moja. Kwa dakika tatu, michoro elfu mbili mia moja na sitini. Alichora miezi kumi na minne. Maboksi yakapelekwa ng'ambo kupigwa picha, maana kwetu hapakuwa na mashine, na mkebe ukarudi baada ya miaka miwili. Lakini siku uliporudi bosi aliyeuagiza alikuwa amekwisha kuhamishwa. Na mnajua desturi yetu, bosi mpya hagusi alichokiagiza bosi wa zamani, hata kiwe dawa. Mkebe haukusainiwa. Usiposainiwa haujafika, na usipofika hauwezi kufunguliwa. Bi. Siwema aliwaomba mabosi kumi na mmoja, mmoja baada ya mwingine, mpaka akastaafu. Ndiyo ikawa hivyo, kitu kilichokuwa hakijafika kikakaa chini ya meza yangu miaka yote hiyo, na mimi nikiweka chai juu yake.

"Yule kenge nimemchora mara elfu mbili mia moja na sitini," akaniambia, "na mara zote kasimama kimya. Sijamwona anatembea hata hatua moja."

Halafu akaniambia la mwisho kwa sauti ile ile, kama anayetaja bei ya mchicha. Ana presha ya macho. La kushoto lilizima mwaka juzi. La kulia daktari kalipatia miezi miwili, pengine mitatu. Hakuja kudai sanamu wala jina. Alitaka kuona tu, mara moja, wakati bado anaona.

Jamani, mimi ni mtumishi mtiifu, sijawahi kuilaani ofisi yangu. Siku ile niliilaani, kwa moyo, na tena kwa maneno ambayo hayamo kwenye mwongozo wa watumishi.

* * *

Nilikwenda wizarani kumweleza Waziri kuwa shujaa yuko hai, ni mwanamke, na anaomba dakika tatu. Waziri alisikitika kwa dhati. Akanieleza kuwa jambo hilo haliwezekani tena, kwa sababu sanamu limekwisha kutiwa ndevu. Nikamwomba basi amruhusu auone mkanda kimya kimya. Akasema Hazina haiwezi kutazamwa na raia kabla ya Mlezi Mkuu. Nikamwomba aalikwe kwenye onyesho. Akauliza aalikwe kama nani, maana orodha ina nafasi za viongozi, wake wa viongozi, na familia ya marehemu.

Akaipitia ile orodha kwa kidole. Kisha uso wa Waziri ukang'aa, na mwezi uliofuata Bi. Siwema akapokea kadi yenye mhuri wa dhahabu iliyomwalika rasmi kama mjane wa S. Chande.

Niliogopa kumpelekea. Nilidhani atanifukuza. Aliisogeza kadi kwenye jicho lake la kulia, akaisoma polepole, akacheka mpaka miwani ikamdondoka. Marehemu mume wake wa kweli, akasema, alikuwa mkorofi, na ni nafuu kuwa mjane wake mwenyewe. Sharti lake lilikuwa moja tu.

"Niiteni mtakavyo, mwanangu. Mimi niwekeni mbele."

* * *

Kabla hatujaingia ukumbini niwaeleze sheria moja, maana bila hiyo hamtaelewa. Kwetu sura ya Mlezi Mkuu ikitokea mahali, iwe kwenye gazeti, televisheni au kanga ya mpita njia, wote mnasimama, na hamkai mpaka sura iondoke. Ndiyo sababu watu wetu husoma gazeti kuanzia ukurasa wa michezo. Anayeruhusiwa kubaki ameketi ni mwenye sura peke yake. Ni sheria nzuri na inasaidia mzunguko wa damu.

Siku ya onyesho walikuja wageni mia tatu na kumi na wawili. Mlezi Mkuu aliketi katikati, kwenye kiti chenye mikono mipana. Mimi nilikuwa nyuma kwenye projekta, kwa kuwa hakuna mwingine aliyejua kuiendesha. Bi. Siwema nilikuwa nimemweka safu ya mbele, pembeni, ndani ya baibui jeusi la msiba wake mwenyewe. Waziri alisoma hotuba ya kurasa arobaini juu ya filamu ya dakika tatu. Alieleza jinsi marehemu alivyoona mbali. Alilia ukurasa wa ishirini na nane, ambapo palikuwa pameandikwa alie.

Kisha taa zikazimwa, nikawasha mashine.

Kuku alipoingia watu walitabasamu. Mbuzi alipoingia mmoja alithubutu kucheka. Halafu akaingia kenge, miwani, mikunjo, mkono mgongoni, na ukumbi mzima ukaacha kupumua.

Hebu jiwekeni mahali pao. Hiyo ni sura au si sura? Ukisimama, umekiri kwamba yule kenge ni nani. Ukikaa, na kumbe ndiye, umevunja sheria mbele ya mwenyewe. Kwenye mwanga wa mashine niliona vichwa mia tatu vikigeuka kulia na kushoto, kila mmoja akitafuta wa kumfuata. Makalio ya Waziri yalipanda vidole vitatu juu ya kiti, yakashuka, yakapanda tena.

Hapo Bi. Siwema akasimama.

Hakusimama kwa ajili ya sheria. Kutoka pale alipokaa aliona ukungu tu, akainuka asogee. Lakini mjane wa shujaa amesimama, nani abaki chini? Waziri akaruka wima, na majenerali, na mabalozi, na wake zao, viti vikapiga kelele kwa pamoja, na kufumba na kufumbua taifa zima lilikuwa limemsimamia wima kenge wa kuchorwa.

Wote isipokuwa mmoja. Mlezi Mkuu alitazama kulia, akatazama kushoto. Akibaki ameketi, basi yeye ndiye mwenye sura. Akisimama, basi sura ni ya mkubwa mwingine, na kwetu hakuna mkubwa mwingine. Akashika mikono ya kiti, akajiinua mpaka katikati, akaishia hapo hapo, si wa kukaa si wa kusimama. Akatoa leso akajifuta paji la uso. Kwenye kitambaa cheupe cha kuonyeshea filamu sikutazama wakati huo, kwa hiyo siwezi kuapa kenge naye alikuwa anafanya nini.

Bi. Siwema alikuwa amefika kwenye kitambaa, pua yake karibu iguse. Kivuli chake kilikaa kwenye foleni pamoja na wagonjwa. Kenge alipoinuka na kigoda chake, akaenda mlangoni hatua kwa hatua, huyu mama alicheka. Sauti yake peke yake katika ukumbi mzima.

"Anatembea," akasema. "Mnamwona? Anatembea."

Akageuka atafute wa kufurahi naye. Nadhani hakuziona nyuso, aliona vivuli virefu mia tatu.

"Mbona mmesimama?"

Mwishowe Waziri, ambaye ndiye aliyekuwa karibu, akasema kwa sauti iliyokauka kwamba wamesimama kwa heshima ya huyo aliyeko pale mbele.

"Huyu?" Bi. Siwema akamnyooshea kidole. "Huyu ni kenge, mwanangu."

Na bado hakuna aliyekaa. Sheria inasema mpaka sura iondoke, na kenge yule haondoki. Picha ya mwisho ni yeye ndani ya zahanati tupu, sekunde kumi na moja nzima, michoro mia moja thelathini na miwili ya mnyama anayesubiri. Mama aliniambia baadaye kwamba aliirefusha kwa sababu alianza kumhurumia. Mlezi Mkuu alizimaliza zote akiwa katikati ya kukaa na kusimama. Taa zilipowaka akanyooka, akashika kiuno, akatamka kwamba filamu ni nzuri, na ni fupi.

* * *

Magazeti ya kesho yake yalieleza kwamba wageni walisimama kunyoosha miguu kwa ajili ya afya zao. Kikabaki kipengele cha kumi na moja. Fomu ikashushwa daraja kwa daraja mpaka ikamfikia asiye na msaidizi wa kumshushia, nami nikapewa saa moja.

Niliijaza kwa dakika moja. *Mhusika mkuu anafanana na nani?* Nikaandika: *Kenge.* Chini yake nikaongeza: *kwa ushahidi wa mjane, mbele ya Waziri na mashahidi 311.*

Waziri aliisoma mara nne akitafuta kosa. Lakini ili aseme nimekosea ilibidi ataje anayefanana naye zaidi. Akasaini. Wizara zote nne zikasaini, haraka kuliko zilivyowahi kusaini mishahara. Na filamu iliyosainiwa kwetu ni lazima ionyeshwe kwa umma kila wiki, ndivyo ilivyoandikwa, na hakuna aliyetaka kufungua tena ile fomu ili azuie.

Kwa hiyo kila Alhamisi saa nne asubuhi naonyesha *Kenge Zahanatini* kwenye ukumbi wetu mdogo. Watu wanajaa mpaka ngazini. Sanamu la mwanamume mwenye ndevu liko nje, wanalitundikia miavuli yao. Kenge akiingia wanasimama, kwa kuwa hakuna waraka uliotoka wa kuwaambia wakae, na wanacheka wakiwa wamesimama hivyo hivyo, jambo ambalo sheria haikulitaja. Kuna bwana mmoja wa usalama ambaye hukaa nyuma na daftari. Wiki iliyopita naye alisimama.

Bi. Siwema haji kutazama tena, jicho la kulia lilizima mwezi ule wa tatu alioutaja daktari. Anakuja kukaa. Nimemwekea kiti changu karibu na projekta, kwa sababu anapenda mlio wake. Viti vikikwaruza sakafu anajua kenge ameingia, anaanza kucheka kabla ya wengine. Wakati wagonjwa wanapobeba meza na kuipitisha dirishani anahesabu kwa vidole, michoro yote anaikumbuka. Halafu kila Alhamisi, katika zile sekunde kumi na moja za mwisho, ananishika mkono na kuniuliza swali lile lile, ingawa ni yeye aliyechora na jibu analijua.

"Kiponda, ametoka?"

Nami ni mtumishi wa umma, siruhusiwi kudanganya wananchi.

"Bado, mama," namwambia. "Ila wenzake wote wameshatoka."